Aliyebeba Vita Kichwani

(Hotuba kwa waandishi chipukizi wa hadithi na riwaya)

Ndugu mwenyekiti, walimu wangu mliokaa mbele, waandishi wenzangu, hamjambo.

Nimeombwa nizungumzie hadithi za vita na yale yanayobaki vita vikiisha. Nitaanzia barabarani, kwa sababu na mimi huko ndiko nilikoanzia.

Pale Dar es Salaam, Mtaa wa Samora unapokutana na Azikiwe, kuna sanamu ya Askari. Wengi wenu mmeipita mkiwa kwenye daladala, na wengine mmewahi kupanga kukutana na mtu hapo. Ni askari wa shaba, kapiga hatua, bunduki mkononi, singe imeelekea bandarini. Waingereza waliisimamisha mwaka 1927. Kabla yake palikuwa na sanamu ya Mjerumani, Hermann von Wissmann, wakaing'oa walipoutwaa mji mwaka 1916. Chini ya huyo askari kuna maandishi kwa Kiswahili, Kiarabu na Kiingereza. Yanawataja askari, kisha yanawataja wapagazi na kusema hao ndio waliokuwa miguu na mikono ya jeshi. Mwishoni yanatoa ahadi: ukiipigania nchi yako, hata ukifa, wanao watalikumbuka jina lako.

Nimeyapita maandishi hayo miaka mingi bila kuyasoma. Siku moja nilikuwa namsubiri mtu aliyechelewa, na kwa kuchelewa kwake namshukuru hadi leo. Nikaizunguka sanamu nikitafuta majina. Hamna hata moja. Nikamtafuta mpagazi. Naye hayumo. Yumo kwenye maneno, hayumo kwenye shaba.

Tangu siku hiyo nimekuwa na ugomvi mmoja na hadithi zetu za vita, na huo ndio niliowaletea. Zinaanza na bunduki. Mimi nasema atakayeandika hadithi ya vita vya kwetu aanze na mzigo.

Niwaeleze kwa nini, na mnivumilie kidogo kwa historia.

Vita vya 1914 hadi 1918 tunavikumbuka kwa vituko. Mwulize mtu yeyote kuhusu mapigano ya Tanga ya Novemba 1914, atakwambia habari za nyuki. Kweli, nyuki walikuwepo, na walizishambulia pande zote mbili bila ubaguzi. Lakini nyuki ni hadithi ya siku moja. Vita vyenyewe vilidumu zaidi ya miaka minne, vikatembea kutoka Kilimanjaro hadi Rufiji, vikavuka Ruvuma kuingia Msumbiji, vikarudi, vikaishia Rhodesia ya Kaskazini, ambayo leo ni Zambia. Nchi ilikuwa na reli mbili tu za maana upande wa Wajerumani, barabara karibu hakuna, na mbung'o waliwamaliza farasi, punda na ng'ombe wa kukokota. Kilichobaki ni kichwa cha binadamu.

Chukueni kalamu tupige hesabu. Mzigo ulikuwa wa kilo kama 25. Posho ya mtu kwa siku ilikaribia kilo moja ya unga au mchele. Kwa hiyo mtu akijibebea chakula chake mwenyewe tu, siku ya 25 mzigo umekwisha. Lakini ana safari ya kurudi, basi ukomo wake ni siku 12. Na hapo hajabeba risasi hata moja, hajambebea askari hata kibaba. Ndiyo maana nyuma ya kila bunduki ulihitajika msururu wa watu, na nyuma ya msururu huo msururu mwingine wa kuulisha, na huo nao ule. Hesabu hii ndiyo msuko wa riwaya. Mtu anabeba chakula ambacho lazima akile ili aweze kukibeba, na kila hatua anayopiga mzigo wa mwenzake wa mbele unapungua na njaa ya wa nyuma inaongezeka. Sijui mwandishi anataka nini zaidi ya hapo.

Watu hao hawakwenda kwa hiari, au wengi wao hawakwenda kwa hiari. Upande wa Waingereza, sheria ya mwaka 1915 iliruhusu kuwakamata kwa nguvu. Wajerumani walichukua watu vijijini walikopita, na katika safu zao mlikuwamo pia wanawake na watoto waliowafuata askari. Unga wa mahindi usioiva uliwaharibu matumbo watu waliozoea vyakula vingine. Waliotoka nyanda za juu wakakutana na malaria ya mabondeni. Kuhara damu, malaria na homa ya mapafu viliua wapagazi wengi kuliko risasi, tena kwa mbali sana.

Kisha vikaisha, na jina la kikosi chao likabaki. Waingereza walikiita Carrier Corps. Midomo yetu ikalifanya Kariakoo, na Nairobi wakasema Kariokor. Leo Kariakoo ni soko, ni mtaa, ni dabi ya Simba na Yanga. Mtangazaji analitamka jina hilo mara hamsini katika dakika tisini, na sote tunashangilia. (Hapa ukumbi ulicheka, nami nikacheka nao.) Silalamiki. Lugha imefanya kazi yake, imelihifadhi neno. Kazi iliyobaki ni yetu.

Mwaka 2021, tume ya Jumuiya ya Madola inayotunza makaburi ya vita ilitoa ripoti. Ikakiri kwamba watu wasiopungua 116,000, wengi wao wa Afrika Mashariki na Misri, hawakukumbukwa kwa majina, au hawakukumbukwa kabisa, na kwamba huenda idadi hiyo inafika 350,000. Sikilizeni vizuri tarakimu hizo. Kati ya ile ndogo na ile kubwa kuna shimo la watu 234,000. Mwanahistoria akifika hapo analazimika kusimama ukingoni, maana hana karatasi. Mwandishi wa hadithi ndiye anayeruhusiwa kushuka.

Kushuka vipi? Hapo ndipo ninapoona wengi wenu mnateleza, nami nimeteleza mara nyingi.

Kuna wanaosema, "Mwalimu, mimi sikuiona vita, nitaandikaje?" Tolstoy, Mrusi, alizaliwa mwaka 1828, akaandika riwaya kubwa kuliko zote juu ya uvamizi wa Napoleon wa mwaka 1812. Lakini alikuwa amekaa Sevastopol chini ya mizinga, katika vita vingine, akajua mtu anayeogopa anafanya nini na mikono yake. Chimamanda Ngozi Adichie alizaliwa mwaka 1977, miaka saba baada ya Biafra, jimbo lililojitenga na Nigeria, kusalimu amri. Babu zake wote wawili walikufa katika vita hivyo. Yeye hakuviona, ila alikulia ndani ya nyumba ambamo vilikuwa vimepita. Kutokuwapo si udhuru. Udhuru ni uvivu wa kuuliza.

Kuna wanaoteleza upande wa pili. Wanasoma vitabu vitatu vya historia, kisha wanatuletea vitabu vitatu vya historia vyenye mhusika. Ebrahim Hussein alituonyesha njia mwaka 1969. Alipoandika tamthilia ya Kinjeketile, mtabiri wa Vita vya Maji Maji, alisema wazi kwamba Kinjeketile wake ni kiumbe cha ubunifu, asichukuliwe kuwa ndiye yule wa historia aliyenyongwa na Wajerumani mwaka 1905. Baada ya kujipa uhuru huo ndipo akafika mahali ambapo nyaraka hazifiki: kwa mtu aliyetoa neno, neno likamzidi ukubwa, na sasa anaambiwa alikane naye hawezi, kwa sababu limeshazaliwa na watu wamekufa kwa ajili yake. Hakuna afisa wa Kijerumani aliyeandika hilo katika ripoti yake.

Naye Abdulrazak Gurnah, katika riwaya ambayo sasa tunaisoma kwa Kiswahili kama Peponi, anafika kwenye Vita Kuu mwishoni kabisa. Samahani kwa ambaye hajakisoma kitabu. Safu ya askari inaingia mjini kukamata watu wa kubeba mizigo. Kijana anajificha dukani. Safu inaondoka, na yeye, aliyesalimika, anatoka mbio kuifuata. Nimewafundisha vijana ukurasa huo mara nyingi, na kila mwaka mmoja anakasirika na kuuliza mbona anakimbilia huko. Namjibu akae na hasira hiyo mwaka mzima. Miaka baadaye, mwaka 2020, Gurnah alitoa riwaya nyingine yenye kijana aliyejiunga na jeshi la Wajerumani, na vita vyenyewe havichukui hata nusu ya kitabu. Sehemu kubwa ni ya mtu aliyerudi akichechemea, anatafuta kazi, anaishia kwenye karakana ya samani, anapenda, anaoa. Wasomaji fulani wamelalamika kwamba kitabu kinapoa. Mimi naona hapo ndipo kinapowaka.

Maana swali la mada yetu ni hilo: vita vinaisha lini?

Ulaya vilisimama tarehe 11 Novemba 1918. Huku habari zilimfikia Lettow-Vorbeck, kamanda wa Wajerumani, siku chache baadaye, akiwa karibu na mto Chambeshi, na alisalimisha silaha zake Abercorn, ambayo sasa ni Mbala, tarehe 25 Novemba. Mfikirie mtu aliyekuwa na mzigo kichwani tarehe 12. Vita vimekwisha, ila yeye hajaambiwa. Anateleza kwenye tope na sanduku la risasi ambazo hazina kazi tena duniani. Ukimwandika huyo kwa siku hiyo moja tu, asubuhi hadi jioni, bila kumwambia kitu, nakuhakikishia msomaji hatalala.

Kisha anarudi nyumbani. Njiani kuna mafua makuu ya mwaka 1918, na waliokuwa wakirejea makwao ni miongoni mwa walioyasambaza. Ugogoni anakuta njaa ambayo Wagogo waliiita Mtunya: majeshi yalikuwa yamechukua ng'ombe, nafaka na watu wa kulima, kisha mvua ikagoma. Mshahara wake una kipande, yaani karatasi ya kuudai, kama kipande hakikupotea. Mshahara wa mwenzake aliyekufa, mara nyingi haukufika kwa mtu yeyote, kwa sababu karani aliandika jina jinsi alivyolisikia, na jina alivyolisikia halikuwa la mtu.

Vita vya Maji Maji dhidi ya Wajerumani, vya 1905 hadi 1907, navyo ni hivyo hivyo, tena vibaya zaidi. Mapigano tunayasimulia vizuri, maji ya dawa ya Ngarambe yalivyosambaa, boma la Mahenge lilivyoshambuliwa. Lakini wanahistoria wanaokadiria kwamba walikufa watu hadi 300,000 wanasema wengi waliuawa na njaa, baada ya mashamba na maghala kuchomwa moto makusudi. Na waliochoma, msinikwepeshe macho, walikuwa pia askari weusi, watu wenye mama zao. Mwandishi anayetaka mikono yote ya upande wetu iwe safi aandike kitabu cha dini. Kule Songea, viongozi wa Wangoni walinyongwa tarehe 27 Februari 1906. Tarehe 1 Novemba 2023 Rais wa Ujerumani, Frank-Walter Steinmeier, alisimama huko huko akaomba msamaha, na akaahidi kusaidia kukitafuta kichwa cha kiongozi mwenzao, Nduna Songea Mbano. Hesabuni wenyewe miaka. Ukoo umezaa, umezika, umeoa, umeolewa, na bado unadai kichwa cha babu. Mimi siwezi kuliita hilo baada ya vita.

Mau Mau sitaigusa, wapo humu wanaoijua kuliko mimi. Kagera pia, kwa sababu nyingine: waliopigana bado wapo, wanakaa jirani na nyinyi, na ni aibu mimi niwatungie wakati mnaweza kubisha hodi kesho asubuhi. Nendeni. Msiulize "ilikuwaje". Ulizeni walikula nini, walilala wapi, nani aliwabebea maji, na siku waliporudi nani alifungua mlango.

Kidogo juu ya lugha, kisha nimalize. Nimesoma miswada mingi ya vita na ninaomba mnipumzishe na risasi zinazorindima na damu inayotiririka kama mto. Hizo tumezitoa kwenye sinema, na sinema yenyewe si ya kwetu. Tuna msamiati wetu. Ombasha, shaushi, efendi, hayo yalikuwa majina ya vyeo katika jeshi la Wajerumani, na babu zetu waliyaogopa. Posho ni neno lenye njaa ndani yake. Kibaba ni kipimo, na katika vita kipimo ni hukumu. Kipande ni karatasi iliyokuwa na thamani kuliko mwenye nacho. Mwandishi akiyajua maneno haya hahitaji mvua ya risasi. Atamwandika shaushi anayepima posho kwa kibaba kilichobonyea, basi, na sote tutaelewa kwamba kuna mtu atakufa.

Swali ambalo najua litaulizwa ni hili: tuna haki gani ya kuwatungia maneno watu ambao walinyimwa hata jina? Si kuwaibia mara ya pili? Nimelala nalo swali hili. Kwa miaka kadhaa nimekuwa nikimwandika mpagazi mmoja. Nimempa majina matatu na yote nimeyafuta, kila moja nililiona kama nguo ya kuazima. Bado hana jina, na labda kitabu kitatoka hivyo. Lakini nilipofika sura ya kurudi kwake niligundua kwamba aliyeanza kutunga hakuwa mimi. Mwenyekiti ameniruhusu, nawasomea ukurasa huo kisha nakaa.

*

Mwezi wa pili tangu arudi, walikuwa bado wanamcheka watoto, kwa jinsi alivyotembea shingo imekakamaa na mkono mmoja unapanda juu kila alipokaribia kuvuka mfereji, kushika mzigo usiokuwepo. Mkewe hakucheka. Alikuwa akimpimia unga na kumwona anavyoutazama, akijua kwamba mumewe anahesabu siku.

Jioni ile alikuja mama mtu mzima, amejifunga kaniki. Ametembea tangu alfajiri.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba, mwanangu. Nimeambiwa umerudi."

Akatandikiwa mkeka, hakuukalia. Akataja jina la mwanawe. Alilitaja taratibu, jina lake, la baba yake, la babu yake, kama mtu anayeweka vyombo chini kimoja kimoja. Mpagazi akayasikia yote matatu na hakulijua hata moja. Kambini watu waliitana kwa utani, au kwa walikotoka, au kwa namba. Akauliza alikuwa mtu wa namna gani. Mrefu, mama akasema. Ana kovu hapa, la moto. Akicheka anaziba mdomo.

Warefu walikuwa wengi. Kuhusu kovu hakukumbuka. Kicheko, huko walikokwenda, hakukisikia kwa muda mrefu.

"Ndiyo," akasema. "Nilikuwa naye."

Mkewe alisimamisha mchi.

"Alikufa kwa homa, mama. Usiku. Hakuteseka. Tulimchimbia kaburi, watu wanne, tukamlaza vizuri, na mmoja wetu alijua dua."

Mama alisikiliza bila kupepesa. Kisha akauliza, "Mlimzika wapi?"

"Chini ya mti."

"Mti gani?"

Mpagazi aliutazama ua, na mbele ya macho yake kulikuwa na mti mmoja tu.

"Mkwaju," akasema.

"Huko nako kuna mikwaju?"

Alifikiri tope, na matete, na ile nchi tambarare isiyokuwa na kivuli, ambako walioanguka waliachwa palepale walipoangukia na mizigo yao ikagawanywa.

"Ipo, mama," akasema. "Ipo mingi."

Ndipo yule mama akaketi kwenye mkeka, akaomba maji.